Mtoto wa Magoma alale msituni, hata usiku mmoja

Ukisimama Magoma, wilayani Korogwe, asubuhi mawingu yakiwa yameshapanda, milima unaiona pande zote mbili. Magharibi ni Usambara Magharibi, na Bumbuli iko huko juu. Mashariki ni Usambara Mashariki, na katika safu hiyo kuna kilele cha Nilo, mita 1,506 kutoka usawa wa bahari. Katikati mto Lwengera unateremka kusini kwenda kuungana na Pangani. Bondeni kuna mahindi, kuna mkonge, na kuna nyumba za watu wa asili nyingi: Wasambaa, Wazigua, Wabondei, pamoja na wajukuu wa wale walioletwa kukata mkonge kutoka kila pembe ya nchi na hata nje ya mipaka yake.

Sasa muulize mwanafunzi wa darasa la sita wa bonde hilo kama amewahi kulala ndani ya msitu anaouona kila asubuhi anapofagia uwanja wa shule. Wengi niliowauliza walicheka. Mmoja alinijibu kwa adabu kabisa: “Shikamoo mwalimu, kule wanalala Wazungu.” Aliniita mwalimu kwa sababu nilikuwa na daftari mkononi. Jibu lake halijanitoka kichwani. Penye miti hakuna wajenzi, walisema wahenga, na hapa miti iko hatua chache kutoka mlangoni.

Ninachotaka kusema leo ni hiki. Kulala msituni kwa nia ya kutulia, kutazama na kutafakari ni shule ya zamani ya watu wa Handeni na Korogwe. Shule hiyo tumeifunga wenyewe, kidogo kidogo, bila kuweka nyingine mahali pake. Wakati umefika wa kuifungua, na wa kwanza kuingia wawe watoto wanaoishi chini ya milima hii.

Tuanze na historia, maana ndiyo inayotuumbua. Himaya ya Wasambaa iliasisiwa na mtu aliyelala porini. Habari zake ziko katika Habari za Wakilindi, kitabu cha Abdallah bin Hemedi 'lAjjemy kilichoanza kuchapwa na wamisionari wa Magila, Muheza, katika miaka ya 1890. Mbegha alizaliwa Nguu, milima ambayo leo iko Kilindi, wilaya iliyokuwa sehemu ya Handeni hadi miaka ya mwanzo ya karne hii. Alikuwa kigego: meno yake ya juu yalitangulia kuota, na kwa desturi ya siku hizo mtoto wa namna hiyo alihesabiwa kuwa mkosi kwa ukoo. Wazazi wake walimficha akakua, lakini walipofariki ndugu wakamnyima urithi. Akaondoka na mbwa wake na mikuki yake, akawa mwindaji, mtu wa kuhama kutoka pori hadi pori.

Masimulizi hayasemi Mbegha alikuwa akiwaza nini kando ya moto wake. Yanachosema ni kwamba nguruwe walikuwa wakiangamiza mashamba ya Wasambaa, na mtu huyu aliyezijua njia za wanyama alitokea kutoka porini akawaua, kisha nyama akawagawia watu. Huko Vugha akaua simba. Watu wakaona kwamba ana nguvu na ana mkono ulio wazi, wakamfanya mtawala wao, na ukoo wake wa Wakilindi ukatawala kwa vizazi. Kwangu mimi kiini cha kisa hiki kiko katika ile nyama. Aliyefukuzwa na ndugu alikwenda porini peke yake, na aliporudi kwa watu alirudi na kitu cha kuwapa.

Baada ya Mbegha, vizazi kwa vizazi, wavulana wa makabila ya huku walipelekwa jandoni. Walikaa kumbini, mbali na mama zao, chini ya ngariba na makungwi, wakifundishwa nyimbo, miiko na heshima. Leo mtoto anatahiriwa hospitalini, na kwa upande wa afya ni vyema ibaki hivyo. Ila tulipokihamishia kisu hospitalini, mafunzo ya usiku hatukuyahamishia popote. Yale mazungumzo marefu ya wazee na vijana gizani, mahali ambapo mtoto hana pa kwenda ila kusikiliza, yamekosa makazi mapya.

Na kuna shule ya tatu, ambayo sisi tuliokulia mashambani tuliipitia bila kujua kwamba ni shule: dungu. Kwa wasiolijua, dungu ni jukwaa la miti lililoinuliwa juu ya nguzo kuliko urefu wa mtu, limeezekwa nyasi, lina ngazi ya magogo mawili na vijiti vya kukanyagia. Chini yake panakokwa moto wa magogo mabichi usiowaka sana, ili moshi ufukuze mbu. Kutoka jukwaani hutoka kamba ndefu hadi katikati ya mahindi, na kwenye kamba hiyo yamefungwa makopo matupu. Nguruwe akiingia, unaivuta kamba, makopo yanalia, naye anakimbia. Kazi ni hiyo hadi alfajiri, mwezi mzima na zaidi, mpaka mahindi yakomae.

Babu yangu alinifundisha kulinda mahindi kwa kunifundisha kwanza kunyamaza. “Sikiliza, mjukuu wangu,” aliniambia. “Nguruwe haingii ovyo. Anavunja bua moja, anatulia, anasikiliza kama kuna mtu. Ukimya wako ukishinda wake, umempata.” Nilikaa nimeishika kamba, nikasikia bua likivunjika, kisha kimya, na katika kimya kile nikajua kwamba kuna mnyama naye ametega masikio akinisikiliza. Hakuna darasa lililonifundisha umakini kuliko pale. Na mwezi Julai, alfajiri kabla ya adhana, babu alikuwa akinionyesha Kilimia, lile kundi la nyota, kikichomoza upande wa milima, akinikumbusha kauli ya wakulima: Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Kalenda yake ilikuwa mbinguni, nami niliisoma nikiwa nimelala chali.

Madungu yapo hadi leo, lakini watoto wengi hawalali humo tena. Serikali inataka mtoto awe shuleni asubuhi akiwa amelala vya kutosha, na mimi nakubaliana na serikali. Kumlaza mtoto dunguni kila usiku kwa sababu ya njaa ni mzigo mkubwa kwake. Ninachosikitikia ni kwamba tulipoutua mzigo huo tulitupa pamoja nao na mafunzo yake: kusubiri, kusikiliza, kuzijua nyota, kukaa na mzee bila haraka.

Wakati sisi tunatoka msituni, wengine walikuwa wanaingia. Mwaka 1892 Walter von Saint Paul-Illaire, ofisa wa Kijerumani aliyekuwa akitawala wilaya ya Tanga, aliokota ua dogo la zambarau linalomea kwenye majabali yenye kivuli na unyevu huku Usambara. Mwaka uliofuata mtaalamu wa mimea Hermann Wendland akalipa jina la Saintpaulia. Leo ua hilo liko madirishani Ulaya na Marekani, limezalishwa kwa rangi za kila namna, linanunuliwa sokoni na kupewa wagonjwa na akina mama siku za sherehe. Mwaka 1902 Wajerumani wakaanzisha Amani taasisi ya utafiti wa mimea na kilimo iliyopata sifa duniani. Waingereza walipochukua nchi, akaja Amani mwaka 1928 karani wa hesabu, Reginald Moreau, ambaye kwa kutembea na kukaa katika misitu hii akageuka kuwa mmoja wa wataalamu wakubwa wa ndege wa Afrika.

Moreau hakufanya kazi hiyo peke yake. Alikuwa na Salimu Asmani, Mwafrika aliyemtafutia na kumkusanyia ndege misituni. Kuna ndege mdogo mwenye mdomo mrefu, anayejificha kwenye vichaka na mitambaazi ya msitu, ambaye hapa nchini anajulikana kutoka Usambara Mashariki, Amani na Nilo. Jina lake la kisayansi ni Artisornis moreaui, kwa heshima ya Moreau. Salimu Asmani, aliyezijua njia na sauti za ndege wa msitu, hatajwi katika vitabu vya shule zetu. Nataka watoto wa Korogwe walijue jina hilo, kwa sababu ni ushahidi kwamba mwenyeji anaweza kuingia msituni kama mtu wa maarifa, tena katika zama ambazo ukoloni haukumtaka aonekane hivyo.

Kisha mwishoni mwa 2003 habari zikaenea kwamba Sakale, katika milima hii hii, kuna dhahabu. Watu kwa maelfu wakapanda, wakapiga kambi, wakachimbua kingo za vijito, maji yakageuka tope. Wengi wao walikuwa vijana wenye shida halisi, nami siwatukani. Ila tazama orodha yote hiyo: ofisa aliyechukua ua, mtafiti aliyechukua ndege, mchimbaji aliyetafuta dhahabu. Kila mmoja alilala msituni kwa sababu alijua anachokitaka humo. Mtoto wa Magoma hajui kuna nini kule, kwa kuwa hakuna aliyempeleka.

Anachokijua ni sheria. Msitu wa Amani ulitangazwa kuwa hifadhi ya mazingira asilia mwaka 1997, na Nilo ukafuata mwaka 2007, zaidi ya hekta 6,000 za msitu wa mlimani. Ilikuwa hatua ya lazima, na Wakala wa Huduma za Misitu, TFS, wana kazi ngumu ya kuilinda mipaka hiyo. Milima ya Tao la Mashariki, Usambara ikiwemo, ina mimea na viumbe ambavyo havipatikani mahali pengine popote duniani. Tukivipoteza hapa, vimepotea moja kwa moja. Lakini kwa familia nyingi za pembezoni, hifadhi inafahamika kwa makatazo tu: usikate, usichunge, usichome, na kuni zilizokamatwa mikononi mwa mama. Mtoto anayekua akiujua msitu kama mahali pa kukamatiwa, akiwa mtu mzima atautetea kwa lipi?

Nitaeleza usiku mmoja, ili msomaji ajue ninachokitetea. Tulipanda Nilo kutokea upande wa Kizara, kwa kibali, tukiwa na mlinzi wa msitu na kijana wa kijijini aliyetuongoza. Pamoja nasi alikuwepo mwalimu wa sekondari, rafiki yangu, aliyezaliwa bondeni na ambaye hakuwahi kulala mlimani. Msituni giza halisubiri magharibi. Saa kumi na mbili kasorobo, huko bondeni jua likiwa bado linawaka, sisi tulikuwa tunapapasa kutafuta vikombe. Mlinzi alifagia majani makavu mpaka udongo ukaonekana, akapanga mawe, akakoka moto mdogo wa kuchemshia maji tu. Alipomaliza kupika aliuzima kwa maji na kuugusa udongo kwa kiganja kuhakikisha umepoa.

Karibu saa tatu, juu ya vichwa vyetu, kikatoka kilio. Kilianza kwa mikwaruzo, kikapanda, kikawa mayowe ya kiumbe anayenyongwa, kisha kikakatika ghafla. Mwalimu alinishika mkono. “Huyo perere, mwalimu,” kijana wetu akasema akicheka. “Mnyama mdogo tu, ukubwa wake kama sungura. Anaita wenzake.” Perere wa pili akajibu kutoka bonde la pili, na wa tatu mbali zaidi, mpaka tukaweza kuupima ukubwa wa msitu kwa masikio. Hofu ilipotutoka, nafasi yake ilichukuliwa na utulivu ambao mjini siupati hata nikifunga milango yote. Maji yalikuwa yakipita chini yetu mahali tusipopaona. Simu hazikuwa na mtandao. Hakuna aliyekuwa akitusubiri, wala hatukuwa tukisubiri mtu.

Tulikaa muda mrefu bila kusemezana. Baadaye mwalimu akaanza kuzungumza, kwa sauti ya chini, juu ya mwanafunzi wake wa kidato cha pili aliyeacha shule akaenda kukata mkonge. Alisema jina la mtoto huyo analisoma kila asubuhi kwenye mahudhurio, anaandika “hayupo”, anaendelea na jina linalofuata. Pale gizani jina halikupita. Alikaa nalo. Asubuhi hondohondo wakaja juu ya miti, mabawa yao yakisikika kabla hatujawaona, nasi tukakunja turubai tukashuka. Jumatatu yake mwalimu alikwenda nyumbani kwa yule mtoto kuzungumza na wazazi wake.

Hayo ndiyo matunda ninayoyazungumzia. Kupata mawazo mapya porini kunasifiwa sana siku hizi, kana kwamba mtu anakwenda kuchota fikra kwa ajili ya biashara yake au kuipumzisha nafsi yake tu. Mimi naamini zaidi katika mawazo ya zamani ambayo mtu ameyakimbia: deni, ahadi, mgonjwa asiyetembelewa, mtoto anayesomwa “hayupo”. Mchana tuna mbinu elfu moja za kuyakwepa. Usiku wa msituni unatunyang'anya mbinu hizo zote, na anayeshuka asubuhi anakuwa na la kufanya.

Dini zetu zinalijua hili kuliko mtu yeyote. Mtume Muhammad (S.A.W.) alikuwa akijitenga katika pango la Hira, mlimani nje ya Makka, na huko ndiko ufunuo ulikomjia. Yesu alikaa jangwani siku arobaini kabla ya kuanza kazi yake. Musa alipanda Sinai. Na wote watatu walirudi kwa watu wakiwa wamebeba neno. Katika mkoa kama Tanga, ambako mwadhini na kengele ya kanisa vinasikika katika kijiji kimoja, hakuna mzazi wa kuniambia kwamba kujitenga kwa tafakuri ni jambo la kigeni.

Sayansi nayo ina la kusema. Mwaka 1984 mtafiti Roger Ulrich alichapisha matokeo ya wagonjwa waliopasuliwa kibofu cha nyongo katika hospitali moja ya Pennsylvania, Marekani. Waliolazwa kwenye vyumba ambavyo dirisha lilitazama miti walitoka hospitalini mapema na wakahitaji dawa kali za maumivu kidogo kuliko waliotazama ukuta wa matofali. Hao waliiona miti kupitia kioo tu. Na hapa kwetu, Septemba 1961, Mwalimu Nyerere alipotoa Tamko la Arusha juu ya wanyamapori na mapori yao, alitaja kwanza maajabu na msukumo wa moyo tunaoupata kwao, kisha ndipo akataja utajiri na riziki ya baadaye. Mapato tumeyashikilia vizuri, tunayahesabu kila mwaka. Kile alichokitaja kwanza tumewaachia watalii.

Kutafakari msituni kunamfundisha mtu pia kuliona deni lake. Yale maji tuliyoyasikia usiku, yakiangukia upande wa magharibi, yanakwenda Lwengera, kutoka Lwengera yanaingia Pangani karibu na Korogwe, na hapo yanakwenda kuzungusha mitambo ya Hale, megawati 21 tangu 1964, na ya Maporomoko ya Pangani, megawati 68 tangu 1995, kabla ya kufika baharini. Yakiangukia upande wa pili, kuelekea Amani, mto Zigi unayapeleka bwawa la Mabayani, na jiji la Tanga linakunywa. Mwanafunzi anaweza kukariri sentensi hiyo akapata alama zake. Lakini aliyelala juu ya kijito, akayasikia maji usiku kucha hata mvua isiponyesha, anaanza kuuliza mwenyewe yanatoka wapi, na nani anayatunza. Swali lililotoka moyoni mwa mtoto lina uzito kuliko jibu alilopewa na kitabu.

Najua mapingamizi yaliyopo, na ni ya haki.

La kwanza ni umaskini. Utamwambiaje mtu ambaye analala dunguni kwa sababu asipolala familia haitakula, kwamba kulala nje ni baraka? Bonde hili lina kumbukumbu chungu zaidi: manamba, vibarua wa mkataba walioletwa kwenye mashamba ya mkonge wakalundikwa kambini mbali na kwao. Jibu langu ni kwamba hiari ndiyo inayotofautisha. Aliyelazimishwa kulala mahali pabaya amenyang'anywa kitu. Aliyealikwa kulala mahali pazuri, akiwa ameshiba na analindwa, amepewa. Na kama kuna watu wanaostahili kupewa, ni wajukuu wa manamba.

La pili ni usalama, hasa wa mabinti. Mzazi anayesita ana sababu. Kwa hiyo safari isiwe ya mwalimu mmoja na kundi la watoto. Wawepo walimu wa kike na wa kiume, wawepo wazazi, walale wasichana kwao na wavulana kwao, na orodha ya watu wazima wote ijulikane na serikali ya kijiji kabla ya kuondoka. Kumbakiza binti nyumbani wakati kaka zake wanakwenda kungekuwa kurudia kosa la jando, ambalo porini liliwapeleka wavulana tu. Wangari Maathai wa Kenya alikuwa binti wa kijijini Nyeri aliyekulia kando ya kijito na mugumo. Mwaka 1977 alianzisha Vuguvugu la Ukanda wa Kijani, na mwaka 2004 akawa mwanamke wa kwanza wa Afrika kupata Tuzo ya Nobel ya Amani. Mapenzi yake kwa miti yalianzia kwenye kijito kile.

La tatu ni maradhi na nyoka. Bondeni malaria ni jambo zito, na si bure kwamba kituo cha utafiti wa magonjwa kipo Korogwe. Vyandarua viende, dawa ya huduma ya kwanza iende, watoto wavae viatu vilivyofunika mguu, na kambi iwe mahali palipochaguliwa na watu wa TFS. Perere hajamuua mtu.

Sasa ifanyike vipi? Kila shule ya pembezoni mwa Nilo, kutoka Kizara mpaka vijiji vya bondeni kama Magoma, ipeleke darasa la sita usiku mmoja kwa mwaka, kati ya Juni na Septemba, baada ya masika na kabla ya vuli. Wasipande wote siku moja; waende makundi madogo. Vifaa ni turubai, mikeka, vyandarua, sufuria, unga na maharage, na shule nyingi zina shamba. TFS wawafutie watoto wa vijiji vya jirani ada ya kuingia na kulala. Chama cha Skauti kipo katika shule nyingi na kinajua kupiga kambi tangu Baden-Powell alipoanza na wavulana wapatao 20 kisiwani Brownsea mwaka 1907; kitusaidie ujuzi huo. Vijana wanaokwenda Jeshi la Kujenga Taifa, JKT, baada ya kidato cha sita, katika kambi kama ile ya Maramba ng'ambo ya milima hii, wanapata ukakamavu. Lakini huko wanafika wachache, tena wakiwa wakubwa, na ratiba ya JKT haina saa ya kukaa kimya.

Saa hiyo ndiyo nguzo ya mpango wote. Baada ya chakula, kila mtoto akae peke yake mahali anapoonekana na mtu mzima, bila tochi, bila simu, bila kuongea. Kabla ya hapo mzee wa kijiji awasimulie kisa cha Mbegha na awaonyeshe nyota. Asubuhi kila mtoto aseme jambo moja alilolisikia na jambo moja aliloliwaza. Lisisahihishwe wala lisitolewe alama. Na upande wa Handeni na Kilindi, watoto wapelekwe kwenye misitu ya Nguu, alikotoka Mbegha mwenyewe.

Viongozi nao waende. Mei 1903 Rais Theodore Roosevelt wa Marekani aliacha msafara wake akalala siku tatu Yosemite na John Muir, mtetezi wa misitu, chini ya miti mikubwa. Usiku mmoja theluji ikawaangukia. Miaka mitatu baadaye bonde la Yosemite likawekwa chini ya ulinzi wa serikali kuu. Sisi tuna madiwani, wabunge na wakuu wa wilaya wanaoamua juu ya misitu ambayo wameiona kutoka barabarani. Baraza la madiwani la Korogwe likilala usiku mmoja Nilo kabla ya kupitisha bajeti ya mazingira, naamini mjadala wa asubuhi utakuwa mwingine.

Hakuna katika haya kinachohitaji mfadhili wala semina. Kinachohitajika ni wazazi waulize. Mkutano ujao wa shule, Magoma, Kerenge, Mashewa, Kizara, mzazi mmoja anyanyue mkono amuulize mwalimu mkuu: darasa la sita mwaka huu wanalala lini msituni? Mwalimu mkuu atasema hana maelekezo. Aulizwe tena mkutano unaofuata, na shule ya jirani waulize hivyo hivyo. Swali likifika mezani kwa ofisa elimu kutoka shule nne au tano, maelekezo yatapatikana, na kufikia Julai watoto wetu watakuwa wamepanda.